Mpishi, Mbwa na Mvua: Ngũgĩ wa Thiong'o na Usawiri wa Mwafrika katika Kitabu na Filamu

Utangulizi

Barabara ya Harry Thuku katikati ya jiji la Nairobi ni fupi, lakini imebeba mambo mazito. Hapo pana Chuo Kikuu cha Nairobi, pana Jumba la Kitaifa la Michezo ya Kuigiza lililofunguliwa mwaka 1952, pana Hoteli ya Norfolk iliyoanza mwaka 1904, na pana makao ya Shirika la Utangazaji la Kenya. Kituo kikuu cha polisi nacho hakiko mbali. Katika kitabu chake Penpoints, Gunpoints, and Dreams (1998), Ngũgĩ wa Thiong'o aliisoma barabara hii kama mtu asomaye tamthilia. Jukwaa, kwa maoni yake, halikomei penye mapazia. Majengo yaliyolizunguka nayo yana kauli kuhusu nani ataigizwa, nani ataigiza na kwa siku ngapi. Alikuwa na sababu ya kusema hivyo. Mwaka 1976 tamthilia aliyoiandika pamoja na Mĩcere Gĩthae Mũgo, ambayo wasomaji wa Kiswahili wanaijua kwa jina la Mzalendo Kimathi, na ile ya Francis Imbuga, Betrayal in the City, ziliandaliwa kuiwakilisha Kenya katika tamasha la FESTAC mjini Lagos mwaka 1977. Hata hivyo, zilipata siku chache tu katika jumba linaloitwa la kitaifa, kwa kuwa nafasi ilikuwa imeshatengewa maonyesho ya vikundi vya kigeni.

Wanafunzi wengi wa fasihi humkumbuka Ngũgĩ, aliyefariki tarehe 28 Mei 2025, kama mtunzi wa riwaya na mtetezi wa lugha za Kiafrika. Sehemu moja ya kazi yake husahauliwa upesi, nayo ni uhakiki wake wa jinsi Mwafrika anavyosawiriwa katika kitabu cha mgeni, katika filamu na katika vyombo vya habari. Makala haya yanaichunguza sehemu hiyo kwa kufuata mfano mmoja ulio karibu na Nairobi, yaani kitabu cha Karen Blixen kiitwacho Out of Africa na filamu iliyotokana nacho. Hoja ya makala ni kwamba kipimo alichokiacha Ngũgĩ hakiulizi kama msawiri anampenda au anamchukia Mwafrika. Kinauliza ni nani aliyepewa kauli, na kwa lugha ipi. Kipimo hicho kinawahusu watu wa Kiswahili kuliko wanavyodhani, na si mara zote kinawasifu.

Kitabu kabla ya filamu

Kutoka katikati ya jiji, Barabara ya Ngong humpeleka msafiri upande wa magharibi, ikapita Dagoretti Corner na kuielekea Karen. Huko ndiko Blixen, mwanamke wa Denmark, alikolima kahawa kuanzia mwaka 1914 hadi alipofilisika na kurudi kwao mwaka 1931. Shamba lilikuwa la takriban ekari 6,000. Kitabu chake kilitoka mwaka 1937, na kikampa sifa ulimwenguni kote. Kwao, sura yake ilichapwa katika noti ya kroner 50 iliyotolewa mwaka 1999.

Mwaka 1980, miaka 5 kabla ya filamu kutoka, Ngũgĩ alialikwa kuzungumza mbele ya hadhira ya wanamaktaba wa Denmark. Mgeni mwenye busara ya kawaida angemsifu binti wa wenyeji wake. Ngũgĩ hakufanya hivyo. Hotuba yake, iliyochapishwa baadaye katika Moving the Centre (1993) kwa anwani ya "Her Cook, Her Dog", ilidai kwamba kitabu hicho ni miongoni mwa vitabu vya hatari zaidi vilivyowahi kuandikwa kuhusu Afrika. Sababu aliyoitoa ndiyo inayostahili kuzingatiwa na mwanafunzi wa uhakiki. Hakusema kwamba Blixen aliandika vibaya. Alisema kwamba aliandika vizuri mno. Dharau ya mlowezi wa kawaida humchukiza msomaji, naye hujihadhari nayo. Ile iliyovikwa joho la mapenzi huingia moyoni bila kubisha hodi.

Mfano mkuu wa Ngũgĩ ni Kamante, kijana aliyetibiwa jeraha na Blixen na kisha akawa mpishi wake. Kamante alijifunza mapishi ya Kizungu hadi wageni wakubwa wakamsifu. Hata hivyo, anapomletea bibi yake chakula ambacho yeye mwenyewe anakithamini, mwandishi anamlinganisha na mbwa aliyezoea kuishi na watu, amwekeaye bwana wake mfupa sakafuni kama zawadi. Picha hiyo ni ya upole na haina tusi hata moja. Ndiyo maana Ngũgĩ aliishika. Mapenzi ya namna hiyo yapo, lakini ni mapenzi ya mtu kwa mnyama wake wa kufuga, na anayependwa hivyo hatarajiwi kujibu.

Ikumbukwe kwamba si wahakiki wote waliokubaliana na msimamo huu. Abdul JanMohamed, msomi mzaliwa wa Kenya, katika kitabu chake Manichean Aesthetics (1983) alimwona Blixen kuwa mtu wa pekee miongoni mwa waandishi wa kikoloni, mwenye kujaribu kuivuka mipaka ya mweusi na mweupe. Hoja yake ina uzito. Blixen hakuwa sawa na majirani zake walowezi, na mwishoni alihangaika ili maskwota wa shamba lake wapate ardhi ya kukaa pamoja. Nao wakapewa eneo katika msitu wa Dagoretti. Lakini kinachopimwa hapa ni maandishi, na tabia njema ya mwandishi haiyabadilishi maandishi. Ngũgĩ, kwa upande wake, mara nyingine alimshambulia mtu pale ambapo angetosheka na matini, na msomaji makini hana budi kuvitenganisha viwili hivyo.

Kilichoachwa nje

Filamu ya Sydney Pollack ilitoka mwaka 1985, Meryl Streep na Robert Redford wakiwa wahusika wakuu. Ilipata tuzo 7 za Oscar, ikiwemo ya filamu bora. Wakati huo Ngũgĩ alikuwa uhamishoni tangu mwaka 1982. Makumbusho ya Karen Blixen yalifunguliwa mwaka 1986 katika nyumba ambayo serikali ya Denmark ilikuwa imeikabidhi Kenya kama zawadi ya uhuru, na baadhi ya vifaa vilivyotumika katika filamu vikaingizwa humo. Hivyo basi mgeni anayezuru nyumba ile huona vitu vya mwenye nyumba na vitu vya waigizaji vikiwa pamoja. Kwa hakika hili ni somo zima la nadharia ya usawiri: filamu iliiga nyumba, kisha nyumba nayo ikapambwa kwa filamu.

Filamu inayotokana na kitabu haiwezi kubeba kila kitu, na hakuna anayedai hivyo. Swali ni nini kilichoachwa. Katika kitabu mna kisa cha Kitosch, mtumishi aliyemwendesha farasi wa mlowezi mmoja badala ya kumkokota. Alichapwa na kufungwa, akafa usiku huo. Mahakamani, madaktari walieleza kwamba marehemu alikuwa ametaka kufa, na mlowezi akatiwa hatiani kwa kudhuru vibaya tu. Kifungo chake kikawa miaka 2. Blixen anakisimulia kisa hiki kwa ufundi, kisha anayaona mauti ya Kitosch kama uhuru wa kiumbe wa porini anayeondoka apendapo. Katika Detained (1981), kitabu kilichotokana na kifungo chake cha mwaka 1978 katika gereza la Kamiti, Ngũgĩ alikitazama kisa hiki kwa jicho la mtu anayejua kufungwa ni nini. Aliona kwamba uzuri wa maelezo ulikuwa umeifuta damu.

Filamu haimwonyeshi Kitosch kabisa. Haionyeshi pia jinsi Kinyanjui wa Gathirimu, chifu mkuu aliyekaa Dagoretti, alivyoomba akiwa mahututi apelekwe nyumbani kwa Blixen akafie huko, naye Blixen akakataa. Jambo hili Blixen mwenyewe amelikiri kitabuni. Badala yake, mtazamaji anaonyeshwa bibi akipiga magoti hadharani mbele ya gavana ili kuwaombea watu wake ardhi. Kitabu, pamoja na dosari zake zote, kina aibu ndani yake. Filamu imeiondoa aibu hiyo, ikabakisha machweo, ndege na muziki. Kwa kigezo hiki, filamu ni mrithi aliyechukua mali na kuyakana madeni.

Mvua bila ushairi

Kuna sehemu moja ya kitabu ambayo mwanafunzi wa Kiswahili hawezi kuipita bila kusimama. Blixen anaeleza kwamba siku moja wakati wa mavuno aliwatungia vijana shambani mistari ya vina kwa Kiswahili, mistari isiyo na maana kubwa. Vijana walisikiliza wakisubiri kina kirudi, wakacheka, na baadaye wakamwomba aseme tena, wakiulinganisha usemi huo na mvua. Kabla ya kusimulia hayo, mwandishi anasema kwamba wenyeji wana hisia kali ya mahadhi lakini hawajui ushairi, au hawakuujua kabla ya shule kuja.

Kauli hiyo ilitolewa kuhusu nchi ambayo pwani yake ilikuwa na Utendi wa Tambuka tangu mwaka 1728, na ambayo Muyaka bin Haji alikuwa ameitikisa Mombasa kwa mashairi karne moja kabla ya Blixen kupanda mbuni wake wa kwanza. Denys Finch Hatton, mpenzi wake, alikuwa na nyumba Takaungu, mji wa Wamazrui, na Blixen alifika huko. Alisimulia mawimbi na mwezi. Kwamba alikuwa amekaa katikati ya mojawapo ya jamii zenye ushairi ulioandikwa kwa muda mrefu barani, hakuliona.

Huenda mtetezi wake akasema kuwa alikuwa anawazungumzia watu wa bara tu, wale wa shambani mwake. Utetezi huo nao hausimami. Agĩkũyũ walikuwa na gĩcandĩ, utungo wa kujibizana wa mafumbo uliobebwa katika kibuyu chenye alama, ambao Kimani Njogu, mtaalamu anayefahamika vyema katika taaluma ya Kiswahili, ameufanyia utafiti wa kina. Hapa ndipo uhakiki wa Ngũgĩ na utunzi wake unapokutana, ingawa yeye mwenyewe hakuupigia mbiu mkutano huo. Katika riwaya ya Caitaani Mũtharaba-inĩ (1980), iliyotafsiriwa kwa Kiswahili kama Shetani Msalabani (1982), anayesimulia kisa ni mcheza gĩcandĩ. Mwandishi alipokuwa anakusanya hoja dhidi ya kitabu kilichosema hapana ushairi, alikuwa amekwisha kumkabidhi mshairi huyo riwaya nzima.

Nani anasema, na kwa lugha gani

Katika filamu ya Pollack, Redford anaigiza mwungwana wa Kiingereza kwa lafudhi yake ya Kimarekani, na hakuna aliyelazimishwa kuibadilisha. Wahusika Waafrika, kinyume chake, wanasema Kiingereza cha kuvunjikavunjika, na Kiswahili kinapopita ni cha kuita, kuamuru na kuaga. Farah, Msomali msimamizi wa nyumba, aliyeigizwa na Malick Bowens wa Mali, ndiye mkalimani wa kila jambo; chifu hasikiki ila kupitia kwake. Mtazamaji anatoka ukumbini akiamini kwamba watu wa Ngong hawakuwa na mazungumzo yao wenyewe wakati bibi hayupo.

Ngũgĩ aliliona suala la lugha kuwa kiini cha sinema. Katikati ya miaka ya 1980 alisomea utengenezaji wa filamu nchini Sweden, na mwaka 1994 alishirikiana na Manthia Diawara kuandaa filamu kuhusu Ousmane Sembène. Si bure kwamba alimchagua Sembène. Mwandishi huyo wa Senegal alikuwa ameandika riwaya kwa Kifaransa, akatambua kwamba wale aliowaandika hawawezi kumsoma, akageukia kamera. Mandabi (1968) ilizungumza Kiwolof. Katika insha yake kuhusu sinema ya Kiafrika, iliyochapishwa mwaka 2000 katika mkusanyiko uliohaririwa na June Givanni, Ngũgĩ aliurudia mjadala wake wa kuondoa ukoloni akilini na kuuingiza katika studio: mwenye fedha ni nani, mwenye mitambo ni nani, na mhusika anaota kwa lugha gani. Sinema, kwa jambo hili la mwisho, ilikuwa imeitangulia riwaya. Mwandishi anaweza kumwandikia mkulima maneno ya Kiingereza na karatasi isilalamike. Mwigizaji akifungua kinywa, uongo husikika.

Nairobi yenyewe imetoa ushahidi. The First Grader (2010), filamu ya Mwingereza Justin Chadwick kuhusu Kimani Maruge, mzee aliyeingia darasa la kwanza mwaka 2004, ina heshima nyingi kwa mhusika wake. Lakini sehemu kubwa ya mazungumzo ni Kiingereza, hata mahali ambapo hapana Mwingereza wa kuyasikia. Nairobi Half Life (2012) ya David "Tosh" Gitonga ni habari nyingine. Mwas, kijana wa kijijini anayeuza filamu huku akiziigiza mbele ya wateja, anafika katikati ya jiji, ananyang'anywa kila kitu siku hiyo hiyo, anatupwa korokoroni na kuangukia kwenye genge la wezi wa vipuri vya magari. Filamu inakwenda kwa Kiswahili, Sheng na Gĩkũyũ. Katika lugha hizo watu wanatongoza, wanadanganyana, wanaogopa na kufanya mzaha. Mwalimu wa sarufi atakunja uso mara kadhaa. Hata hivyo, ni vigumu kutaja filamu iliyokipa Kiswahili cha Nairobi kazi nyingi kiasi hicho kwa mara moja. Ilikuwa filamu ya kwanza ya Kenya kupelekwa kushindania tuzo ya Oscar ya lugha ya kigeni. Fedha na mafunzo yake, kwa upande mwingine, vilitoka kwa kiasi kikubwa Ujerumani, kwa kampuni ya Tom Tykwer. Swali la Ngũgĩ kuhusu mwenye mitambo, basi, bado lipo pale pale.

Lafudhi ya nyumbani

Ni rahisi kumhukumu mgeni. Kipimo hicho hicho kikirudishwa Barabara ya Harry Thuku, katika jengo la utangazaji, mambo hayawi mepesi tena. Tangu enzi za Sauti ya Kenya, vichekesho vya Kiswahili kama Vioja Mahakamani na Vitimbi vilijengwa kwa lafudhi. Mjaluo alisema hivi, Mluhya vile, Mkalenjini akakaza herufi zake, na nchi nzima ikacheka. Wanafunzi wa Kiswahili nao walicheka, pengine zaidi ya wengine, kwa kuwa wao ndio waliofunzwa kulisikia kosa.

Je, huu nao si usawiri wa mbwa na mfupa? Jibu linategemea. Mzee Ojwang wa Vitimbi aliigizwa na Benson Wanjau, Mgĩkũyũ aliyevaa lafudhi ya Kijaluo kwa miaka mingi hadi alipofariki mwaka 2015, na wengi walimpenda bila kujali makabila yao. Ojwang alikuwa mwenye nyumba. Alipanga hila, aligombana na Mama Kayai, alishindwa na kujitetea. Lafudhi ilikuwa nguo yake, haikuwa pingu. Tofauti kabisa ni mlinzi wa getini au mpishi anayetokea katika tangazo la biashara kwa sekunde chache, anayesema sentensi moja mbovu ili mwajiri wa Lavington au Kileleshwa aonekane mjanja. Mlinzi huyo jioni hurudi Kawangware, ambako huzungumza, husuluhisha ugomvi wa majirani, huongoza kikao cha chama. Tangazo halina habari hiyo. Kamante yule yule amehamia mjini, na safari hii waliomwandikia maneno wamesoma Kiswahili sanifu.

Tafsiri inayosubiriwa

Lipo deni moja ambalo Ngũgĩ mwenyewe aliliacha. Mwaka 1986, katika Decolonising the Mind, aliaga Kiingereza na kuahidi kuendelea na Gĩkũyũ pamoja na Kiswahili. Katika Moving the Centre alikwenda mbali zaidi akakipendekeza Kiswahili kuwa lugha ya ulimwengu. Pamoja na hayo, uhakiki wake wa usawiri uliwafikia wasomaji hasa kwa Kiingereza, na Kiswahili kikabaki kumpokea kupitia kwa watafsiri wa riwaya na tamthilia zake. Mwanafunzi anayetaka kujadili jambo hili darasani hana budi kukopa istilahi kila mahali, na hata neno usawiri wengine hulibadilisha na uwakilishi bila kueleza tofauti.

Anayetaka kuanza kulilipa deni hilo na aanze na anwani ya ile hotuba ya mwaka 1980. "Mpishi Wake, Mbwa Wake" ni tafsiri sahihi kisarufi, na mpishi na mbwa wote wamo katika ngeli moja ya A-WA, bila ubaguzi. Lakini kivumishi hicho hakimtaji mwanamke. Katika Kiingereza msikilizaji anajua mara moja kwamba mwenye mali ni bibi. Katika Kiswahili "wake" ni wa yeyote. Mtafsiri itambidi aseme "Mpishi wa Bibi, Mbwa wa Bibi", naye atakuwa ameingiza neno lenye heshima ambalo Ngũgĩ hakulitumia. Au aseme "wa Memsahibu", neno lile ambalo kitabuni na katika filamu limevunjwa likawa "Msabu" kinywani mwa watumishi. Akilichagua hilo la mwisho, aamue pia aliandike kwa matamshi ya nani.